Maji ya Ngara na Milima ya Nyandarua

Mama anayehamia Ngara kutoka Mombasa au Lamu hufanya vyema kuuliza zamu ya maji kabla ya kuuliza kodi. Sehemu kubwa ya maji tupikiayo na kutilia udhu hapa Nairobi hutoka mahali ambapo wengi wetu hatujakanyaga: safu ya milima ya Nyandarua, kaskazini ya mji. Ramani huiita Aberdare, jina aliloipa msafiri Joseph Thomson katika safari yake ya 1883 na 1884, kwa kumtukuza bwana mkubwa mmoja wa Uingereza ambaye milima hiyo haikumjua. Sisi tutaiita Nyandarua, kama waiitavyo Wakikuyu.

Safu hii ina urefu wa kilomita 160 hivi. Upande wa magharibi huporomoka kuelekea Bonde la Ufa. Wa mashariki huteremka taratibu, umechanjwa na mabonde membamba, na karibu kila bonde lina mto wake. Apandaye kutoka mashariki huyaacha mashamba ya chai, akaingia msitu wa miti mikubwa, kisha mianzi iliyosongamana hata jua halipenyi. Juu ya mianzi ni nyika ya baridi, yenye ukungu na nyasi za mafundo, hadi kilele cha Satima, mita 4,001. Humo wamo ndovu, na bongo, mnyama mwenye haya asiyeonekana ila kwa bahati. Mto Karuru huanguka mita 273 kwa ngazi tatu.

Mvua ya miteremko hiyo huletwa na pepo zitokazo Bahari ya Hindi, bahari yetu wenyewe. Msitu huipokea, ukaiachilia kidogo kidogo hata kiangazi. Bwawa la Ndakaini, lililokamilika 1994 huko Murang'a, huweza kukusanya mita za ujazo milioni 70. Maji husafishwa Ngethu, yakaja Gigiri, ndipo yakagawanywa mitaani. Mwanzoni mwa 2017 bwawa lilipopungua, mji mzima ulitiwa katika mgao, na thamani ya ndoo ikajulikana.

Kwa hiyo habari za msitu ule si za watalii peke yao. Ua wa umeme wa kilomita 400 hivi, ulioanza kujengwa 1989, ulikamilika 2009, ukazuia ndovu wasile mashamba na watu wasikate miti ovyo. Sasa kuna shauri la barabara ya lami ya kuupasua msitu, kutoka Ihithe hadi Ndunyu Njeru, nalo limefika mahakamani. Wakulima wa huko wana haki ya njia fupi ya kupelekea viazi sokoni. Lakini njia ya kuzunguka ingalipo, na msitu wa namna ile haupandwi ukaota katika umri wa mtu mmoja.

Na maji hayaishii Ngara. Chini ya mtaa hupita Mto Nairobi, umebeba kila tulichotupa, ukaingia Athi. Athi huko mbele huitwa Galana, kisha Sabaki, nao humwagika baharini kaskazini ya Malindi, mbele ya macho ya wavuvi wa Mambrui.