Reli ya Kilosa na Watu Walioijenga

Asafiriye kwa reli kutoka Morogoro kwenda bara hufika Kilosa, mji ulio chini ya milima ya Usagara na Ukaguru. Hapo Mto Mkondoa hutoka katika bonde lake jembamba, na reli ya zamani huingia katika bonde hilo hilo, ikiufuata mto kupanda kwenda Kidete na Gulwe. Upande wa kusini ilitengenezwa njia nyingine kwenda Mikumi, hata Kidatu, karibu na Mto Ruaha Mkuu. Wasafiri wengi huisifu milima hiyo, nayo yastahili sifa. Lakini sisi twapenda leo kuwaletea habari za watu walioifanya njia ipite.

Kabla ya reli, mizigo yote ilipita nchi hii vichwani na mabegani mwa watu. Wanyamwezi walichukua pembe za ndovu hata pwani, wakarudi na nguo. Wamisionari wa CMS waliofika Mpwapwa mwaka 1876 walikuja kwa miguu pamoja na wapagazi wa namna hiyo. Basi tusisahau ya kuwa Neno la Mungu lilipoletwa bara, vitabu vyake vilichukuliwa na bega la mtu.

Mwaka 1905 kampuni ya Philipp Holzmann ilianza kujenga reli ya kati kutoka Dar es Salaam, chini ya utawala wa Wadachi. Mwaka huo huo vilizuka vita vya Maji Maji. Nyakati zile kodi ilidaiwa kwa fedha, hata mtu asiyependa kuacha shamba lake alilazimika kutafuta ujira mbali na kwao. Reli ilifika Morogoro mwaka 1907, ikapita Kilosa, ikafika Dodoma mwaka 1910, Tabora mwaka 1912, na Kigoma mwezi wa Februari 1914. Njia yote yapita kilometa 1,250.

Wengi wa wafanyakazi walikuwa Wanyamwezi na Wasukuma, na baadhi yao walifuatana na wake zao. Wagiriki walipewa vipande vya kazi kuvisimamia, na baadhi yao baadaye walibaki wakalima katani. Watu walichimba kwa sururu, wakachukua udongo kwa makarai, wakapasua mawe, wakainua tuta kipande kwa kipande. Mataruma yalikuwa ya chuma, kwa kuwa mchwa hula mti; na chuma ni kizito begani. Homa na kuhara viliwaua wengi. Tena angalieni jambo hili: watu wa kabila la wapagazi ndio waliojenga kitu kilichoumaliza upagazi wenyewe. Wahenga husema, mchumia juani hulia kivulini. Hao walichuma juani, lakini kivuli walikalia wengine.

Mwezi wa Agosti 1916 majeshi ya Wadachi, yakirudi nyuma mbele ya Waingereza, yalivunja madaraja ya reli ili adui asipite. Kazi ya miaka ikabomolewa kwa baruti kwa saa chache, na mizigo ya vita ikarudi tena vichwani mwa watu. Kisha madaraja yakajengwa upya, na wenye kujenga walikuwa tena watu wa sururu na karai.

Walakini kujenga reli si mwisho wa kazi. Katika bonde la Mkondoa mto hauna urafiki na njia. Mvua zikinyesha sana milimani, maji hushuka na mchanga na magogo, hula tuta, na reli hubaki ikining'inia hewani kama kamba ya nguo. Mwanzoni mwa mwaka 2010 mafuriko ya Mkondoa yaliingia Kilosa, yakawafukuza maelfu ya watu nyumbani mwao, na njia ikafungwa kwa miezi. Kwa sababu hiyo wako watu wa genge, ambao kazi yao ni kuitembelea njia kwa miguu, kukaza parafujo, kushindilia kokoto chini ya mataruma, na kusimamisha gari kwa bendera nyekundu mahali palipoharibika. Abiria aliyelala usingizi hajui ya kuwa usingizi wake umelindwa na mtu aliyetembea mvuani.

Hata hivyo ujira wao haukulingana na kazi. Mwaka 1947 mgomo ulioanza bandarini Dar es Salaam ulienea kuifuata reli hata bara. Mwaka 1960 wafanyakazi wa reli waligoma siku 82. Mtu mwenye watoto hawezi kukaa siku 82 bila mshahara kwa kupenda uvivu.

Sasa tugeuke kusini. Njia ya Kilosa, Mikumi na Kidatu ilikamilika katika miaka ya 1960. Baadaye, kati ya mwaka 1970 na 1975, ikajengwa reli ya TAZARA, kilometa 1,860 hata Zambia, ikipita Kidatu na Mang'ula chini ya milima ya Udzungwa. Maelfu ya vijana wetu walifanya kazi pamoja na Wachina. Wachina zaidi ya 60 walikufa katika kazi hiyo, na makaburi yao yako Gongo la Mboto, nao hukumbukwa kwa maua. Wale waliokufa walipokuwa wakijenga njia ya Mkondoa, ni nani awajuaye majina?

Reli mpya ya umeme nayo imepita Kilosa, ikipenya ndani ya milima, na tangu mwaka 2024 huchukua abiria hata Dodoma. Safari yake ni ya saa chache tu. Kadiri gari liendavyo upesi, ndivyo iwavyo rahisi kutomwona mtu aliye kando ya njia.

Mtume Yakobo amewaonya wale wazuiao ujira wa watu waliovuna mashamba yao, maana kilio chao chafika masikioni mwa Bwana. Basi, ninyi walimu, mpitapo na watoto juu ya daraja, waulizeni ni mikono ya nani iliyolijenga. Nanyi baba na mama, yuko nyumbani mwenu mtu awapikiaye, awachoteaye maji, au awalimiaye. Mwezi ukiisha, mlipeni siku ile ile, wala asije akasimama mlangoni kuomba kilicho chake.