Kutazama na Kutazamwa

Katika nchi ya Kishanda, upande wa Bukoba na Muleba, jioni ilikuwa na shule yake. Jua lilipozama nyuma ya migomba na mibuni, wazee na vijana walikusanyika, na mpiga nanga akaishika ala yake ya nyuzi, akaanza kuwasimulia habari za mashujaa kama Rukiza. Nusu ya utendi ilikuwa katika maneno. Nusu ya pili ilikuwa katika vidole vyake, katika jicho alilolifumba, na katika uso uliobadilika shujaa alipokaribia kufa. M. M. Mulokozi, mwanachuoni wa Kihaya, aliuchunguza utendi huo wa nanga katika tasnifu aliyoitoa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 1986. Maneno yaliandikwa, na hilo ni jambo la shukrani. Lakini uso hauandikiki.

Yafaa jambo hilo likumbukwe na kila anayetaka kupima historia ya televisheni katika Tanzania, kwa kuwa historia hiyo haikuanza katika mji mkuu wa Jamhuri, bali visiwani. Mwaka 1973 Zanzibar ilianza kurusha picha za televisheni, tena za rangi, kabla ya nchi nyingine yoyote ya Afrika kusini mwa Sahara. Kenya ilikuwa na televisheni tangu 1962, na Uganda tangu 1963, lakini picha zao zilikuwa nyeusi na nyeupe. Afrika Kusini, pamoja na dhahabu yake yote, ilingoja mpaka Januari 1976. Visiwa viwili vya karafuu viliwatangulia wote.

Shauri hilo lilikuwa la Sheikh Abeid Amani Karume. Hakujaliwa kuona matunda yake, maana aliuawa Aprili 7, 1972, na kituo kikafunguliwa wakati wa Aboud Jumbe. Karafuu ilileta fedha za kigeni, na sehemu ya fedha hizo ikageuzwa kuwa mnara na kamera. Kwa kuwa watu wengi hawakuweza kununua chombo, viliwekwa vyombo vya kutazamwa kwa pamoja, na jioni watu wakakaa mbele yake kama walivyokaa watu wa Kishanda mbele ya mpiga nanga. Waliona nini? Pamoja na habari za serikali, walijiona wenyewe: taarabu yao, michezo yao ya kuigiza, sherehe zao na mitaa yao, katika Kiswahili chao.

Upande wa bara wa Jamhuri ile ile jibu lilikuwa kinyume. Serikali ya Mwalimu Nyerere iliona kwamba televisheni ni anasa ya watu wachache wa mjini, na kwamba si haki fedha ya mkulima imnunulie picha mkaaji wa mji mwenye umeme. Redio ilifika kijijini kwa gharama ndogo, ikafundisha kilimo, afya na kusoma. Hoja hiyo haikuwa ya kipumbavu. Mkulima wa Kishanda, aliyeuza kahawa yake na kulala kwa mwanga wa kibatari, ndiye hasa aliyekusudiwa kulindwa nayo. Basi kwa miaka ishirini na zaidi taifa moja lilikuwa na majibu mawili kwa swali moja.

Mtu wa Kishanda aliyesafiri kwenda Unguja katika miaka ya 1980 alipanda meli Bukoba mpaka Mwanza, akapanda garimoshi mpaka Dar es Salaam, kisha akavuka bahari. Mwisho wa safari alikuta katika kisiwa kidogo chombo ambacho hakikuwapo katika nchi yote kubwa aliyoipita. Huenda alistaajabia rangi kwanza. Lakini ajabu ya pili ilikuwa kubwa kuliko rangi: mpiga fidla aliyeonekana katika kioo alikuwa jirani wa watazamaji, walimtaja kwa jina na kumcheka alipokosea. Hapo mgeni angeweza kujiuliza nani angemtia mpiga nanga wa kwao katika kioo kama kile.

Swali hilo halikuwamo katika hesabu ya bara. Ilihesabiwa haki ya kutazama, ikaonekana kwamba wachache wangeipata, ikaahirishwa kwa wote. Haki ya kutazamwa haikuhesabiwa. Majeshi ya Idi Amin yalipovamia Mkoa wa Ziwa Magharibi mwaka 1978, mkoa ambao baada ya vita uliitwa Kagera, watu wa bara walifuata habari zao kwa redio. Filamu zilipigwa, ni kweli. Lakini filamu ni mgeni apitaye, na kituo ni mwenyeji.

Sheria ya utangazaji ya 1993 ilifungua mlango kwa watu binafsi, na mwaka 1994 televisheni ikaanza bara, ITV ikiwa miongoni mwa za kwanza. Ilianzia Dar es Salaam. Mei 21, 1996, meli ya MV Bukoba ilizama karibu na Mwanza, ikafa na mamia ya watu, wengi wao wa Kagera. Siku hiyo macho ya taifa yalielekea ziwani. Jicho lililo mbali humwona mtu siku ya msiba wake. Siku za arusi, za mavuno na za nanga halipo.

Haisemwi haya ili Zanzibar isifiwe kupita kiasi. Kituo chake kilikuwa cha serikali, na jicho la serikali hutazama pale mwenyewe anapotaka. Wapo watu wa visiwani ambao kioo hakikuwaonyesha, kwa sababu maneno yao hayakupendeza. Walakini kosa la kioo kilichopo laweza kulalamikiwa na kusahihishwa. Kioo kisichokuwapo hakina wa kulaumiwa.

Mwalimu alitaka mkulima asidhulumiwe, na nia yake ilikuwa njema. Lakini wapiga nanga waliokuwa wazee mwaka 1973 walikufa katika miaka ile ya kungoja, wakaenda na nyuso zao. Anayesoma leo utendi wa Rukiza anayo maneno, na maneno ni mengi na mazuri. Mahali shujaa anapokaribia kufa, hana budi kuukisia uso.