Mpunga Usio na Ndege

Filamu yangu ya kwanza kuhusu kwetu ilichekwa, na waliocheka ni wa kwetu.

Nilitoka Dar es Salaam kwa treni ya TAZARA, kamera ya kuazima mapajani, kuutengenezea mradi mmoja filamu ya dakika 15 juu ya mpunga wa Mlimba. Nilifurahi. Wageni wenye kamera wakifika bonde la Kilombero hutaka swala aitwaye sheshe, au chura wa Kihansi aliyegunduliwa 1996. Mimi nilitumwa kwa wakulima. Nilifika Juni, mavuno yamepamba moto. Nikachukua wanawake wakikata masuke, vijana wakipiga mpunga juu ya turubai, magunia yakipandishwa kwenye trekta. Mradi ukanilipa, ukanishukuru.

Baadaye nikaileta filamu nyumbani. Tulifunga shuka nyeupe kati ya miembe miwili jirani na stesheni, jenereta ikaunguruma. Watu wakatulia mpaka yalipotokea magunia, kicheko kikalipuka.

"Bibi, wanacheka nini?"

"Mpunga wako hauna ndege, mjukuu wangu. Umeutoa wapi?"

Niliona aibu, maana nilikuwa najua. Msimu ukifika, familia nyingi huku huacha nyumba zao na kuhamia mashamba ya mbugani kwa miezi. Hujenga dungu, na mpunga ukianza kutia maziwa, kwelea kwelea huteremka kama wingu. Mtu huamia, yaani huwafukuza ndege, tangu alfajiri mpaka jua lizame. Akisinzia, jasho la msimu limekwenda. Mimi mwenyewe niliamia nikiwa na miaka minane. Lakini nilipopewa kamera nilikumbuka jembe na gunia tu, kama picha za kwenye kitabu cha shule.

Aprili nikarudi. Barabara ya kutoka Ifakara ilikuwa tope tupu, treni ndiyo iliyonifikisha. Nikakaa na bibi mbugani siku 11. Ilikuwa kazi ngumu kuipiga picha, kwa sababu hakuna kinachotokea. Bibi anavuta kamba, makopo yanalia hadi mwisho wa shamba. Anarusha tonge la udongo kwa kombeo. Anapiga ukelele, ananyamaza, anaanza upya. Siku ya nne nikaacha kuhangaika na kamera, nikasikiliza kinasa sauti: asubuhi ukelele wake ulikuwa mkali, adhuhuri umepasuka, jioni umebaki pumzi. Usiku, treni ya mizigo ikipanda kuelekea Makambako. Filamu nzima nikaihariri kwa kuifuata sauti ile inavyokauka.

Tukafunga tena shuka kwenye miembe ileile. Kundi la kwelea kwelea lilipotanda juu yake, mtoto mmoja wa mbele akapiga ukelele wa kufukuza. Wakamfuata wenzake, kisha mama zao, hadi uwanja mzima ukawa unaamia na jenereta haisikiki. Bibi hakupiga kelele. Alikaa kwenye kigoda chake kimya, mkono wa kulia ukivuta kamba isiyokuwapo.