Hoteli Iliyotawanyika: Friuli na Lamu

Nchini Italia kuna aina ya hoteli iitwayo albergo diffuso, yaani hoteli iliyotawanyika, ambayo haijengwi upya: vyumba vya wageni vimo katika nyumba kongwe za kijiji, mapokezi yako katika nyumba nyingine, na mgeni hulala ukuta kwa ukuta na wenyeji. Fikra hiyo ilizaliwa Friuli, kaskazini-mashariki mwa nchi, baada ya tetemeko la ardhi la mwaka 1976, nyumba zilipokarabatiwa ilhali wengi wa watu wake walikwisha kuhama, na Giancarlo Dall'Ara akaiendeleza hadi ikawa mfano kamili wa utalii. Sharti lake zito kuliko yote ni kwamba kijiji kiwe na watu wanaoishi humo, kwa kuwa kinachouzwa hapo ni ujirani.

Mswahili aishiye Italia hawezi kuutazama mfano huo asiikumbuke Lamu, mji ulioingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2001, wenye nyumba za mawe na boriti za mikoko zilizoshikamana, na madaka, yaani vibaraza vya mlangoni ambamo mgeni hupokewa kabla ya kukaribishwa ndani. Hata hivyo, mfanano huo unaweza kupotosha. Friuli ilikuwa na nyumba zilizokosa watu. Lamu, na zaidi kijiji jirani cha Shela, ambako nyumba nyingi zimenunuliwa na Wazungu, ina watu wanaokosa nyumba kwa sababu bei imewapita. Tena nyumba ya Lamu haisimami peke yake: waungwana walikuwa na desturi ya kumjengea binti anayeolewa nyumba ubavuni mwa ile ya wazazi au juu yake, na kuziunganisha kwa wikio, chumba kinachovuka juu ya njia, ili wanawake watembeleane bila kushuka mtaani. Nyumba moja ikiuzwa, ukoo mzima hukatwa njia, na hakuna ukarabati unaoirudisha, hata uwe wa ustadi namna gani.

Linalostahili kuazimwa Italia, basi, ni utaratibu wa vijiji vya Carnia, huko huko Friuli, ambako wenye nyumba hukabidhi uendeshaji kwa ushirika huku hati zikibaki mikononi mwao. Familia ya Lamu yenye chumba cha juu kinachoweza kuachiwa mgeni kwa msimu ingeweza kuungana na majirani kwa namna hiyo, mgeni akapokewa dakani, akapikiwa na mama wa mtaa huo huo, akapelekwa kwenye magofu ya Takwa na nahodha wa hapo, na msimu ukiisha, binti wa nyumba akarudi chumbani mwake.