Mtunzi Asiyeonekana

Msomaji, je, umepata kutazama sinema hata majina yote ya mwisho yakapita? Mimi sikuwa na desturi hiyo.

Jioni moja, shuleni petu karibu na Nakuru, tuliwaonyesha wanafunzi sinema ya Kijerumani ya mwaka 2001, Nirgendwo in Afrika. Ilitokana na kitabu cha Stefanie Zweig, aliyeletwa Kenya mwaka 1938, akiwa mtoto, wazazi wake Wayahudi wakiwakimbia Wanazi. Familia ilikaa Rongai, naye akasoma papa hapa Nakuru. Wanafunzi walifurahi mno kumsikia mtoto wa Kizungu akisema Kiswahili.

Nilipoinuka kuzima mashine, msichana mmoja, mpiga filimbi, akauliza, "Mwalimu, ni nani aliyetunga muziki ule?" Nikamjibu kwa ukali kwamba hilo halimo katika mtihani. Akainama. Chuoni nilikofunzwa ualimu tulionywa tusidharau swali la mwanafunzi.

Usiku ule nikalitafuta jina: Niki Reiser, Mswisi aliyezaliwa mwaka 1958. Kumbe naye ni mpiga filimbi! Alijifunza kutunga huko Boston, na mwaka 1996 alikuwa amekwisha mtungia mwongozaji yuyo huyo, Caroline Link, muziki wa Jenseits der Stille, hadithi ya binti wa wazazi viziwi. Muziki wa sinema yetu ulimpatia tuzo ya filamu ya Ujerumani mwaka 2002. Sinema yenyewe ikapata Oscar mwaka 2003.

Asubuhi nilimtaka radhi yule msichana, nikampa jina lile katika karatasi. Akalisoma mara mbili, akaikunja, akaitia katika mfuko wa filimbi yake.