Nyoka wa Syokimau na Kaburi la Mlimani

Ukishuka garimoshi katika stesheni ya Syokimau, iliyofunguliwa mwaka 2012, kumbuka, msomaji, kwamba mahali hapa pana jina la mwanamke. Syokimau alikuwa mtabiri wa Wakamba. Husimuliwa kwamba aliona nyoka mrefu akitoka baharini, na watu weupe waliobeba moto mfukoni. Nyoka ni reli, moto ni kiberiti.

Mmoja wa waliomfuata nyoka huyo ni Sir William Northrup McMillan, aliyezaliwa St. Louis, Marekani, mwaka 1872. Baba yake alitajirika kwa kuunda mabehewa ya garimoshi. Mwana akaja kuzitumia fedha hizo huku kwetu. Shambani kwake Juja alimkaribisha Theodore Roosevelt mwaka 1909. Waingereza wakampa cheo cha Sir, na akaketi katika Baraza la Kutunga Sheria, ambamo Mwafrika wa kwanza, Eliud Mathu, hakuingia hadi 1944.

McMillan alifariki mwaka 1925. Kaburi lake liko Kilimambogo, huku huku Machakos. Alitaka kulala kileleni, lakini alikuwa mnene ajabu, na wenyeji husimulia kwamba gari lililobeba jeneza lilishindwa na mwinuko. Wakamzika njiani! Kando yake wamelala mkewe, Lady Lucie, na Louise Decker, mtumishi wao. Mtoto hawakuacha.

Waliacha maktaba jijini Nairobi, ambayo Lady Lucie alimjengea mumewe. Ilifunguliwa mwaka 1931, kwa Wazungu tu. Baraza la Jiji lilipoichukua, wajukuu wa Syokimau nao wakaingia kusoma.