Darubini na Jicho la Mwenyewe

Wahenga walisema macho hayana pazia, na maana yake ni kuwa jicho huona kila kinachopita mbele yake bila ya kuchagua. Methali hii ni ya kweli, lakini haikusema yote. Jicho halina pazia, lakini lina mpaka. Kitu kilicho mbali mno hulishinda, na kitu kilicho karibu mno hulitatiza. Tena mpaka wa jicho langu si mpaka wa jicho lako. Nilikuwa mwalimu kwa muda wa miaka minne kabla ya kulijua sawasawa neno hili la mwisho, na aliyenifundisha ni mwanafunzi wangu mwenyewe. Nataka kuisimulia habari hiyo pamoja na mambo machache ya kutumia na kutunza darubini, kwa sababu mambo hayo mawili yamefungamana katika moyo wangu, wala siwezi kuyatenga.

Katika chuo cha ualimu nilichosomea palikuwa na mzee mmoja, mtunza stoo ya maabara, ambaye zamani alikuwa askari jeshini. Juu ya nyusi yake ya kulia palikuwa na kovu dogo lililopinda kama mwezi mwandamo. Tulipomwuliza asili ya kovu lile alicheka, akasema kuwa ni muhuri wa ujinga wake. Siku ya kwanza kupewa bunduki yenye darubini aliliweka jicho karibu mno na kioo, na bunduki ilipolia ilirudi nyuma ikampiga. Darubini ya bunduki hutaka jicho likae mbali nayo kiasi cha upana wa kiganja.

“Ndani ya darubini ile,” alitueleza, “mna nyuzi mbili zilizopita msalaba. Asiyejua hukimbilia kutazama shabaha. Ajuaye hutazama kwanza mbingu tupu, akaizungusha pete ya kioo cha nyuma mpaka nyuzi zionekane nyeusi na kali. Hutazama kidogo, akaondoa jicho, akapumzika, kisha akatazama tena. Msikodoe kwa muda mrefu, wanangu, kwa maana jicho lina kiburi, halikubali kushindwa. Kioo kikiwa hakikukaa sawa, jicho hujikaza likakisaidia, nawe ukadhani kioo ni chema. Baada ya nusu saa kichwa kinakuuma, na hujui sababu.”

Uwindaji wa wanyama wa porini ulipigwa marufuku katika Kenya mwaka wa 1977, na msomaji wangu hana haja na elimu ya shabaha. Lakini kanuni ya mzee yule ni kanuni ya vyombo vyote vya kutazamia: kwanza chombo kipatane na jicho, ndipo jicho lipatane na ulimwengu. Niliiandika kanuni hiyo katika daftari langu kwa hati nzuri. Kuiandika niliiandika, kuielewa ni jambo jingine.

Nilipohitimu nilipelekwa kufundisha katika shule moja ya kutwa katika kaunti ya Kilifi. Kwa akiba ya mshahara wangu nilinunua darubini ya macho mawili iliyokwisha kutumika. Juu yake palikuwa na maandishi 8x30. Tarakimu ya kwanza ina maana kuwa chombo hukisogeza kitu mara 8, hata ndege aliye umbali wa mita 80 huonekana kana kwamba yuko mita 10 tu. Ya pili ni upana wa kioo cha mbele kwa milimita. Kioo kikiwa kipana zaidi, mwangaza unaoingia huwa mwingi zaidi, na hilo ni jambo kubwa wakati wa alfajiri na magharibi.

Niliipenda darubini ile kama mtu apendavyo kitu alichokinunua kwa jasho lake, na mafundisho ya mzee juu ya utunzaji niliyafuata kama sheria. Hayo nayaeleza hapa, maana yatakufaa siku utakapokabidhiwa chombo cha namna hii.

Adui wa kwanza ni mchanga. Punje ya mchanga ni ngumu kuliko kioo, na mtu anayefuta lenzi yenye vumbi kwa ncha ya shati lake hapangusi, bali anakwaruza. Juu ya kioo pametiwa utando mwembamba sana, ambao ulivumbuliwa mwaka wa 1935 na Alexander Smakula katika kiwanda cha Zeiss huko Ujerumani. Kioo kitupu hurudisha nyuma kama sehemu 4 katika kila 100 za mwangaza kila unapopita katika uso wake. Darubini yenye nyuso 10 za namna hiyo hupoteza kama theluthi ya nuru yote. Utando huizuia hasara hiyo, na atakayeukwaruza ameirudisha. Kwa hiyo kwanza puliza vumbi kwa kipulizio cha mpira, pili ondoa lililobaki kwa brashi laini, na mwisho kabisa, ikiwa pana alama ya kidole, tia pumzi kidogo, ufute kwa kitambaa laini kilicho safi, ukianza katikati na kuzunguka kwenda nje.

Adui wa pili ni unyevu, na pwani adui huyu hana likizo. Mkoba wa ngozi ni mzuri wa safari, lakini hunywa unyevu na kuushika. Darubini ikilala humo gizani kwa miezi, kuvu huota juu ya lenzi mfano wa utando wa buibui, na kuvu ile hula kioo chenyewe. Mimi niliiweka yangu katika kopo lenye kifuniko cha kubana, pamoja na vifuko vya zile chembe zinazonyonya maji. Ikilowa chumvi ya bahari niliipangusa mwili kwa kitambaa kilichotiwa maji baridi na kukamuliwa, kisha nikaianika kivulini penye upepo. Si juani, wala si karibu na jiko.

Adui wa tatu ni mkono wenye pupa. Darubini haifunguliwi na asiye fundi, kwa sababu bomba zake mbili zimepangwa kutazama mahali pamoja. Zikipotoka kidogo tu, mtu huona vitu viwili badala ya kimoja. Na jambo moja halina msamaha: usilielekeze jua kamwe, maana jicho litakaloungua halina fundi.

Kwa habari ya utunzaji, basi, sikuwa na kasoro. Kasoro yangu ilikuwa kwamba niliyaongeza maadui nikawatia na wanafunzi wangu. Nilirekebisha darubini kwa macho yangu mwenyewe, nikatia alama ndogo ya rangi nyeupe kwenye gurudumu la katikati, nikatangaza: “Gurudumu hili lisiguswe na mtu. Mwalimu amekwisha kuliweka sawa.”

Mwezi wa Februari mwaka wa 2016 niliwachukua wanafunzi wa kidato cha pili kwenda kwenye Hori ya Mida, karibu na Watamu. Maji yalikuwa yametoka, na tope lilijaa ndege wa kila namna. Wengi wao ni wageni wa majira. Wamo weupe wenye migongo myeusi na midomo minene, ambao chakula chao ni kaa. Hao huzaa mbali na kwetu, katika pwani za Bahari ya Arabuni na Ghuba, wakichimba mashimo mchangani na kutaga humo yai moja jeupe. Kwa macho matupu walikuwa vitone tu. Tulisimama kwenye daraja la mbao linalopita kati ya mikoko, na darubini ikaenda kutoka mkono hata mkono, mkanda ukiwa shingoni kama nilivyoamuru.

Ilipofika zamu ya msichana mmoja mrefu, ambaye kwa urefu wake nilimkalisha nyuma kabisa darasani, alitazama kidogo akasema, “Sioni kitu, Mwalimu. Naona moshi.”

“Tazama vizuri,” nilimwambia. “Wenzako wote wameona.”

Alitazama tena. “Bado ni moshi, Mwalimu.”

Wenzake wakacheka, nami nikakasirika. Msichana huyu nilimjua kwa uvivu. Hakunakili maandishi ya ubaoni ila kwa kuchungulia daftari la jirani yake, na nilikwisha kumkemea mara nyingi kwa tabia hiyo. Katika ripoti yake ya muhula nilikuwa nimeandika kwa mkono wangu: “Hana bidii.” Nikanyoosha mkono niichukue darubini. Wakati ule ule, ama kwa woga ama kwa kujitetea, kidole chake kiligeuza gurudumu.

Nilifungua kinywa nimkaripie, nikanyamaza, kwa maana yeye alikuwa amenyamaza kwa namna nisiyopata kuiona. Mabega yake yalitulia. Hakuwatazama ndege, aliielekeza darubini ng'ambo ya hori, akakaa hivyo kwa muda mrefu.

“Mwalimu,” alisema polepole, “miti ile ina majani.”

Darasa zima likaangua kicheko. Nilimjibu kuwa miti yote ina majani.

“Ndiyo, Mwalimu. Lakini jani moja moja. Hata ya mbali yana jani moja moja.”

Niliitwaa darubini nikatazama pale alipoacha gurudumu. Nikaona moshi. Mikoko ilikuwa ukungu wa kijani usio na mwanzo wala mwisho. Hapo ndipo nilipofahamu kuwa ukungu ule niliouona mimi kwa dakika moja ndio ulimwengu aliokuwa akiuona yeye kila siku, na ubao wangu ulikuwa ndani ya ukungu huo.

Elimu yake si ngumu. Jicho lisiloona mbali huikusanya miali ya nuru mapema, kabla haijafika kwenye ngozi ya nyuma ya jicho inayopokea sura, na kwa hiyo vitu vya mbali hufifia. Gurudumu la darubini hubadili nafasi iliyo baina ya vioo, na likizungushwa kwa upande unaofaa hutoa miali iliyotawanyika kidogo, kama jicho lile linavyotaka. Mambo hayo niliyajua kwa kusoma, na mtihani wake niliufaulu. Lakini niliweka alama nyeupe kwa jicho langu, nikawaamrisha watu 38 waone kwa jicho hilo.

Kesho yake nilimwomba radhi mbele ya darasa, nikamhamishia kiti cha mbele. Jumamosi nilikwenda kwao. Mama yake alistaajabu, akasema, “Kumbe! Nasi tulidhani mtoto ana maringo, Mwalimu. Hupita watu njiani bila ya kuwaamkia, mpaka wamkaribie kabisa.” Baba yake, ambaye ni mvuvi, hakusema neno kwa kitambo, kisha akauliza bei ya miwani. Tulisaidiana. Alipimwa macho katika hospitali ya serikali, na baada ya majuma machache akaja shuleni amevaa miwani. Sitasema kuwa alikuwa wa kwanza katika mtihani, maana hakuwa. Alikuwa wa kumi na moja. Ila tangu siku hiyo hakuchungulia tena daftari la mtu, na yale maneno mawili ya ripoti ninayakumbuka mimi zaidi kuliko yeye.

Sasa nawafundisha wanafunzi wangu kila mmoja airekebishe darubini mwenyewe. Kwanza akunje bomba zake mpaka mviringo miwili iwe mmoja. Kisha afunike kioo cha kulia kwa kiganja, bila ya kulifumba jicho kwa nguvu, azungushe gurudumu la katikati mpaka jicho la kushoto lione wazi. Baadaye afunike cha kushoto, aliache gurudumu lilivyo, azungushe pete ya kioo cha kulia mpaka jicho la kulia lione wazi pia. Mwisho atazame kwa yote mawili. Kazi hii haizidi dakika moja, na ni dakika niliyowanyima wengi kwa miaka minne.

Darubini yangu ingali nzima. Lenzi zake hazina mkwaruzo wala kuvu, na kopo lake hubana vilevile. Lakini gurudumu limechakaa. Rangi yake nyeusi imekwisha kwa vidole vya watoto, na ile alama nyeupe haionekani tena. Fundi mmoja aliniambia kwa bei ndogo angelipaka upya likawa kama jipya. Nilimshukuru, nikaondoka nalo jinsi lilivyo.